Marungu Tisa Stesheni ya Eldoret

Kampala,
7 Februari 1954

Senje mpendwa,

Nakusalimu, shangazi yangu, kwa mikono yote miwili. Mimi niko, nakula, nalala, na ile sweta uliyonifumia bado inafunga vifungo. Natumaini nawe u mzima, na kwamba bati la jikoni halikuondoka na upepo wa Januari kama ulivyoogopa. Wasalimie kina mama wote wa kanisa. Mwambie Mama Nanzala nimesoma habari za goti lake. Apumzike na anywe maji mengi.

Masomo yanaendelea vizuri. Sina mengi ya kusema juu ya masomo.

Nimeshika kalamu kwa jambo lingine. Chuo chetu kina timu ya beisiboli. Ni mchezo wa Wamarekani, na ulianzishwa hapa mwaka 1951 na mwalimu wa jiografia, Bwana Ferris, mtu mrefu mwekundu ambaye huinama kila mlangoni na bado hugonga kichwa. Alikuja kutoka kwao na mpira mmoja, glavu moja na rungu moja la kupigia. Rungu lilipasuka wiki ya kwanza. Sasa tuna marungu tisa ya mti wa mvule, yaliyochongwa na seremala Mhindi wa hapa mjini, na ukilishika moja unahisi unaweza kuvunja ukuta.

Bwana Ferris ameniomba niandike historia ya timu tangu siku ya kwanza, ichapishwe kwenye gazeti la chuo mwisho wa mwaka. Kati ya wanafunzi wote amenichagua mimi. Unaweza kuwaambia watu kwamba Shitanda ni mtu muhimu sana katika timu.

Mwanao,
Shitanda


Eldoret,
2 Machi 1954

Shitanda mwana wa ndugu yangu,

Barua yako ilifika imelowa kama iliyoogelea. Nimeianika kwenye kamba pamoja na vitambaa vya meza vya hoteli, ndipo nikaisoma. Sisi wazima. Hapa Eldoret, Sisibo yetu, ni vumbi tu. Makaburu wamelima mpaka kando ya barabara wakingoja mvua, na mashuka ya wageni yananijia rangi ya udongo, nafua mpaka kucha zinalainika. Bati la jikoni liliondoka kweli, lakini limerudi. Kuna askari mmoja wa hapa, Koplo Kipkemboi, alikuwa anapita na nyundo, akalipigilia.

Mama Nanzala alipumzika, akanywa maji, goti likapona. Sasa kanisa zima linajua tuna daktari Kampala. Mke wa mzee wa kanisa anauliza kuhusu sikio linalolia kama nyuki. Mjibu kabla ya Pasaka.

Sasa huo mchezo. Nimesoma mara mbili na sijaona ndani yake kitu cha mtu anayesomea udaktari. Mchezo gani unataka marungu tisa? Na historia gani ina miaka mitatu? Mimi nina sufuria ya miaka kumi na moja na hakuna aliyeiandikia historia. Nilikubeba mgongoni tangu baba yako na mama yako walipotutoka, na sikukubeba ili ukakimbize mpira. Lakini nieleze unachezwaje, nisije nikakulaumu bila kujua.

Senje wako,
Musimbi

Koplo ni mtu wa kanisa. Nasema tu.


Kampala,
11 Aprili 1954

Senje mpendwa,

Nakuamkia, na nawaamkia wote wa nyumba yetu, ingawa wote wa nyumba yetu ni wewe na kuku. Huku mvua haikatiki na viatu vyangu vimeota ukungu. Lile sikio liwekewe kitambaa cha moto, na mwenyewe apumzike na anywe maji.

Mchezo ni hivi. Mtu mmoja anasimama na rungu mahali panapoitwa nyumbani. Mwingine anamrushia mpira. Akiupiga, anakimbia kituo cha kwanza, cha pili, cha tatu, halafu anarudi nyumbani, na hilo ni bao. Akishindwa kuupiga mara tatu, au mpira ukimwahi kituoni, huyo ameuawa. Wakiuawa watatu, zamu inabadilika. Na mtu mjanja anaweza kukimbilia kituo cha mbele mrushaji akiwa hajatazama. Huko ni kuiba. Haya maneno ya Kiswahili nimeyatunga mimi kwa ajili ya kitabu cha mechi, ambamo naandika kila kinachotokea uwanjani. Bwana Ferris anasema ni kitabu cha kwanza cha beisiboli kwa Kiswahili. Naamini, maana sioni mwingine ambaye angekiandika.

Historia yenyewe ndiyo inanisumbua. Timu yetu haijawahi kucheza na mtu, kwa sababu hakuna timu nyingine. Wahindi wa kriketi walitualika chai, wakatutazama tukifanya mazoezi, wakarudi kwao wakicheka kwa adabu. Kwa hiyo tumecheza sisi kwa sisi mara thelathini na moja. Tumeshinda zote na tumeshindwa zote. Historia ya namna hiyo inaandikwaje?

Lakini sasa mambo yamefunguka. Wamisionari Wamarekani wa pande za Nandi na North Nyanza watakutana Eldoret mwezi wa Agosti kwa maombi, na Bwana Ferris amewaandikia. Wamekubali kucheza nasi Jumamosi tarehe 14. Mechi ya kwanza ya kweli, Senje, na ni nyumbani kwetu!

Jambo moja dogo. Barua yako ilikuwa na doa la mafuta, na mimi nalijua doa la chapati. Wewe hupiki chapati kwa ajili yako peke yako. Huyo Koplo Kipkemboi ni nani hasa? Askari anatembea na nyundo ya nini? Kama ndiye anayekula chapati zetu, mwambie mwenye nyumba yuko Kampala anasoma, na atarudi.

Mwanao,
Shitanda


Eldoret,
20 Juni 1954

Shitanda,

Salamu. Najua nimechelewa. Usiulize. Mvua imekuja, mahindi yamefika kiunoni, na kuku mweupe ametotoa vifaranga kumi, mwewe akachukua mmoja. Sikio limeacha kulia. Mwenyewe alisimama kanisani akashuhudia, na sasa kila Jumapili nina foleni ya wagonjwa mlangoni. Majina na magonjwa nimeyaandika nyuma ya karatasi hii.

Mchezo nimeuelewa. Mtu anatoka nyumbani, anakimbia mpaka jasho linamtoka, watu wanajaribu kumuua, na akibahatika sana anajikuta nyumbani alikotoka. Si angekaa tu?

Sasa weka mzaha kando, unisikilize. Ninyi huko Uganda hii Hali ya Hatari mnaisoma gazetini. Sisi tunaishi ndani yake. Yule fundi cherehani Mkikuyu, jirani yangu wa miaka saba, alichukuliwa mwezi wa Mei kwa lori, yeye na mkewe, uji ukabaki jikoni unachemka. Niliutoa motoni mimi mwenyewe. Mpaka leo sijui wako wapi. Treni zinakaguliwa, watu wanadaiwa kipande cha utambulisho, na mtu akionekana na panga la kufyekea nyasi anajieleza mpaka jua linazama. Na ninyi mnataka kushuka stesheni na marungu tisa! Yaacheni huko. Wamisionari hawatakosa la kuazima.

Kuhusu lile swali lako la mwisho: Koplo ana nyundo kwa sababu ana nyundo. Tena amepanda viazi nyuma ya nyumba. Basi.

Musimbi


Kampala,
4 Agosti 1954

Senje,

Nakusalimu kwa haraka, posta inafungwa. Tunafika Ijumaa tarehe 13 kwa treni ya asubuhi, watu kumi. Bwana Ferris anatangulia kwa gari lake, na ndiye mwenye barua ya ruhusa ya chuo. Atatupokea stesheni. Marungu yamekosa nafasi kwenye gari, kwa hiyo tutakuja nayo mikononi. Usiwe na wasiwasi.

Orodha ya wagonjwa nimeiona. Wote wapumzike.

Shitanda


Kampala,
24 Agosti 1954

Senje wangu,

Nakusalimu nikiwa nimeinamisha kichwa. Tulifika salama, na mbavu zangu sasa zinakubali kupumua. Siku tatu tulizokaa kwako uliniambia neno moja tu, "Kula," asubuhi na jioni. Hata stesheni wakati wa kuagana ulinipa kuku wa kuchoma huku unatazama behewa. Basi naandika yale ambayo hukuniuliza.

Treni ilipofika, Bwana Ferris hakuwepo. Hatukujua kwamba gari lake lilikuwa limezama kwenye matope ya Turbo. Tulishuka kumi, tumevaa sare zetu za merikani, kila mchezaji na rungu lake begani. Murunga, mdakaji wetu, alikuwa amevaa usoni ile kofia ya waya ya kuzuia mpira, kwa sababu ndani ya mfuko ingepinda. Wengine wakaanza kukumbushana zile ishara za vidole za mchezo, hapo hapo stesheni.

Akatokea koplo mrefu, kaptula yake imepigwa pasi mistari miwili, kama unavyopiga wewe.

"Simama hapo hapo! Hii kitu ni nini?"

"Ni beisiboli, afande."

"Sijauliza bei. Nimeuliza ni nini."

Robo saa baadaye tulikuwa kwenye kituo cha polisi. Inspekta ni kijana Mwingereza mwenye pua iliyobabuka kwa jua. Alipanga vitu vyetu mezani: marungu tisa, uso wa waya, ngao ya kifuani, halafu kitabu changu. Akamwambia yule koplo asome.

"'Wanyama ameiba ya pili,'" akasoma koplo. "'Wanyama ameiba ya tatu.' Huyu Wanyama ni nani?" Wanyama akanyoosha mkono. "Umeiba ya pili gani? Ng'ombe?"

"Kituo, afande."

"Umeiba kituo cha polisi?"

Hakuna aliyecheka. Koplo akafungua ukurasa mwingine. "'Watatu wameuawa. Zamu imebadilika. Watatu wameuawa tena.'" Inspekta alipotafsiriwa hayo alivaa kofia yake. Akauliza kitabu hicho kimeandikwa na nani. Wenzangu tisa, ambao nimekula nao miaka mitatu, wakanielekezea vidole tisa.

Nilijaribu kueleza. Kadiri nilivyoeleza ndivyo waliouawa walivyoongezeka. Mwisho Inspekta akasema majina yetu yatapelekwa Nairobi kwa simu, na jioni tutapakiwa kwenye lori la Nakuru. Tukafungiwa. Wanyama, ambaye ana mabega kama mlango, alilia. Mimi sikulia. Nilikuwa nafikiria ule uji wa fundi cherehani.

Halafu nikasikia sauti yako kupitia ukutani, ile unayotumia kwa wauza kabeji. Maneno sikuyashika. Baada ya muda mrefu mlango ukafunguliwa, tukaambiwa: tokeni, nendeni uani mcheze. Mpaka leo sijui ulisema nini pale mezani. Niambie.

Kilichotokea uani uliona mwenyewe. Kwamba mimi si hasa mchezaji, ni mwenye kitabu, nadhani nilisahau kukuandikia.

Nisamehe.

Shitanda


Eldoret,
12 Septemba 1954

Shitanda,

Nakusalimu. Mimi mzima, vifaranga wazima, viazi vimechimbwa na ni vitamu.

Unataka kujua nilisema nini. Nilichelewa kufika stesheni kwa sababu ya mashuka ya hoteli, nikakuta mfagiaji peke yake ameshika kofia ya merikani. Akaniambia, "Mama, wamekamata genge la kutoka Uganda. Jitu moja lina uso wa chuma." Sikukimbilia polisi. Nilikimbilia nyumbani, nikafungua lile kopo la biskuti, nikachukua barua zako zote. Mzungu hasikii mdomo wa dobi, lakini karatasi ataisoma.

Mezani alikuwa Koplo Kipkemboi. Aliponiona alisimama. Nikamwambia, "Koplo, mwanangu yuko ndani."

Akasema, "Musimbi, humu ndani kuna wahuni kumi na marungu yao."

"Mmoja wa wahuni wako ni Shitanda."

Akakaa. Kiti hakikuwepo.

Alipoinuka, alipeleka barua kwa Inspekta akaanza kusoma na kutafsiri. Ile ya Aprili ilifanya kazi. Aliposoma "ameuawa" na "kuiba", Inspekta alifungua tena kitabu chako, akaanza kulinganisha kwa kidole, na nikaona bega lake linashuka. Halafu Koplo akafika chini ya ukurasa, akaanza kuikunja barua.

"Endelea," Inspekta akasema.

"Bwana, hapa ni salamu tu."

"Endelea na salamu."

Kumbe yule kijana Kiswahili anakisoma. Akaichukua barua mwenyewe, akasoma polepole habari za askari mwenye nyundo anayekula chapati za watu. Akamtazama Koplo. Akatazama kaptula ya Koplo. Akanitazama mimi na mikono yangu ya sabuni. Alicheka, Shitanda, mpaka akashika meza. Mimi nilitamani sakafu ifunguke. Lakini mtu akishacheka hivyo hawezi tena kukupakia kwenye lori. Hapo ndipo Bwana Ferris alipoingia na barua ya chuo, matope mpaka masikioni, akagonga kichwa mlangoni. Inspekta akasema, vyema, kama ni mchezo na uchezwe, na polisi wake ndio watacheza nanyi.

Ya uani unasema niliona. Niliona Murunga ameshika tumbo kwa ndizi alizokula njiani Tororo, na wewe unasukumwa ukachukue rungu lake. Niliona unavyolishika, kama mtu aliyeshikishwa mtoto wa watu. Koplo akarusha, nikasikia mlio wa mbavu zako kutoka pale nilipokuwa. Nilikuwa nimeshafika katikati ya uwanja na mwavuli kabla Bwana Ferris hajapiga kelele kwamba mtu akipigwa na mpira anapewa kituo cha kwanza bure. Kwa hiyo miaka mitatu ya beisiboli imekufikisha hapo: kituo cha kwanza, kwa kupigwa.

Halafu zamu ikawa ya Koplo. Yeye alipiga mara moja tu. Mpira ulipita ukuta, ukadondoka ndani ya lori la Kaburu lililobeba makopo matupu ya maziwa, tukasikia mlio kama kengele ya kanisa, na lori likaenda nao Turbo. Koplo akaendelea kukimbia vituo vyote peke yake, mpira haupo, mpaka nyumbani. Ya Jumamosi siongezi neno. Wamisionari waliwafunga kumi na tisa kwa mbili kwa mpira wao, na yule mzee mwenye ndevu nyeupe aliiba vituo kuliko Wanyama.

Sasa kuna hili. Mke wa Koplo alifariki miaka sita iliyopita. Wazee wake wa Nandi wanataka kuja kwetu tarehe 18 Desemba. Kwa upande wetu lazima akae mwanamume wa ukoo, na ukoo umebaki na mwanamume mmoja. Ana mbavu mbovu lakini atatosha. Sikukuandikia mapema kwa sababu sikujua utasema nini, na kwa umri wangu ni aibu kumwogopa mtoto niliyemwogesha.

Musimbi


Kampala,
31 Oktoba 1954

Senje mpendwa,

Nakusalimu sana. Mitihani imekaribia, Murunga amepona, Wanyama hagusi tena kituo cha mtu. Bwana Ferris amepata barua ya kumwita kwao Amerika mwisho wa mwaka, na hakuna mwingine anayejua kufundisha mchezo huu. Nadhani historia ninayoiandika itakuwa nzima, na mwisho wake.

Nimechukua wiki saba kukujibu. Barua hii nimeianza mara tano. Mara mbili niliikasirikia kaptula ya yule mtu. Mara moja nilikasirika kwamba umetunza viazi vyake nyuma ya nyumba yetu usiniambie ni viazi vya mchumba. Halafu nikaona kwamba mwenye haki ya kukasirikia siri si mimi.

Senje, mimi sisomei udaktari. Mwaka wa kwanza tulipewa chura tumpasue. Chura wangu alikuwa amekufa, kila mtu alisema amekufa, lakini nilipomgusa mguu ukaruka. Nilizinduka nikiwa nje kwenye nyasi, na profesa akinipepea kwa daftari langu. Ilikuwa hivyo mara tatu. Wakanihamishia ualimu. Nilitaka kukuandikia wiki ile ile, lakini barua yako ilikuwa imefika, unasema kina mama wamekupigia vigelegele. Nikasema nitakuambia wiki ijayo. Sasa ni mwaka wa tatu.

Yale yote ya kupumzika na kunywa maji nilikuwa najitungia tu. Kila ulipoandika kwamba mtu amepona, nilikosa usingizi.

Kama baada ya haya bado unanitaka nikae kwenye kile kiti tarehe 18, nitakaa. Koplo ni mtu mzuri. Nimelazimika kukubali, na haikuwa rahisi.

Shitanda


Eldoret,
21 Novemba 1954

Shitanda mwanangu,

Salamu ziwe nyingi. Nimepaka nyumba chokaa, nimeazima viti vya kanisa.

Nilijua. Ile barua ya ruhusa aliyokuja nayo Bwana Ferris ilikuwa na majina kumi, na mbele ya kila jina masomo ya mtu. Inspekta alimpa Koplo ayasome kwa sauti, na kina mama watatu wa kanisa walikuwa wamenifuata, wamesimama mlangoni wanasikiliza. Alisoma tisa kwa sauti ya gwaride. Alipofika kwako alisimama, akanitazama, akasoma lile neno "ualimu" kwa sauti ya chini, niweze kulisikia mimi peke yangu. Kisha akafunga karatasi. Hajanitajia tena mpaka leo. Ukitaka kujua ni lini niliamua wazee wake waje, ni pale.

Nilikasirika sana. Ndiyo sababu nilisema "Kula" tu. Lingefuata neno la pili lingekuwa refu. Si ualimu ulionikasirisha. Baba yako alikuwa anatamani awe mwalimu, akaishia kupakia magunia. Nilikasirika kwamba umebeba kitu miaka mitatu peke yako kana kwamba mimi ni mtu wa kuogopwa. Halafu nikakumbuka viazi, na siri yangu mwenyewe.

Kina mama sijawaambia. Hilo ni lako.

Njoo mapema tarehe 17, nikupigie pasi koti la baba yako. Ukikaa kitini, usicheke, usijikune, na usimwulize Koplo habari za marungu. Wazee wake hawajui.

Senje wako,
Musimbi


Kimilili,
23 Januari 1955

Senje mpendwa,

Nakusalimu kutoka shule niliyopangiwa, nyumba ya udongo, chumba kimoja, mlima mbele ya dirisha. Nina afya. Nina wanafunzi arobaini na wawili na chaki sita. Msalimie mumeo, nimeliandika hilo neno mara moja, bila kulifuta.

Siku ile wewe ulifichwa chumbani kama desturi, na tangu hapo kila mtu anakusimulia kivyake, kwa hiyo pokea yangu. Wazee wanne walikaa. Koplo alikaa nyuma yao, haruhusiwi kusema, jasho linamtiririka kama mtuhumiwa. Mimi nilikuwa kwenye kiti, ndani ya koti la baba. Tulipomaliza mambo yote, mzee mkubwa akasema, "Tumefurahi kupata ukoo wenye daktari. Mimi nina mgongo." Akageuka akaanza kuinua koti lake.

Kina mama walikuwa wamejaa mlangoni na birika za chai. Nilimtazama Koplo, naye akatazama viatu vyake.

Nikasema, "Mzee, mimi si daktari. Sijawahi kuwa. Ni mwalimu."

Nikasikia vifaranga nje. Kisha Mama Nanzala akauliza, birika mkononi, "Na goti langu?"

"Lilipona lenyewe, Mama. Nisamehe. Nilikuambia upumzike kwa sababu sikujua kingine."

Akasema, "Tangu niolewe, hakuna mtu mwingine aliyewahi kuniambia nipumzike." Akanimiminia chai, akaijaza mpaka ukingoni. Mzee mkubwa akashusha koti, akasema kwamba mwalimu pia si mbaya, ana wajukuu kumi na wanne na hakuna anayejua kusoma saa.

Gazeti la chuo limetoka. Historia yangu ya kurasa ishirini imekatwa ikabaki mistari minne. Inasema timu iliishi miaka minne, ilicheza mechi mbili, na ilipotembelea Eldoret ilipokelewa na polisi. Bwana Ferris aliisoma bandarini kabla ya kupanda meli, akaniandikia kwamba hakuna neno la uongo ndani yake.

Nimalizie na lile ambalo huenda mumeo hakukusimulia. Aliponisindikiza stesheni baada ya sherehe, alikuwa amevaa sare, anaingia zamu. Alinibebea sanduku mpaka treni ikaingia. Ndipo akaniuliza, "Sasa mimi nikuite nani? Mwanangu ni vigumu, nilikufungia ndani."

Nikamwambia aniite Shitanda, yatosha.

"Hapana," akasema. Akarudi nyuma hatua mbili, akagonga visigino, akanipigia saluti hapo hapo mbele ya abiria wote, wachukuzi na yule mfagiaji. "Safari njema, Mwalimu."

Mimi nilikuwa nimeshika kuku kwa mkono mmoja na mwavuli kwa mwingine. Sikujua saluti inarudishwaje. Nilisimama tu mlangoni mwa behewa, mpaka treni ilipoondoka, na yeye hakushusha mkono.

Mwanao,
Shitanda